Kukata kucha za sungura: kazi iko kwenye kushika

Mimi ni msusi. Saluni yangu iko hapa Mafinga, na kutwa nzima nashika vidole vya watu: nakata, nasugua, napaka rangi. Jioni nikirudi nyumbani nakuta kucha nyingine zinanisubiri nyuma ya jiko, za sungura. Kusema kweli, hizi za sungura ndizo zinazotaka adabu zaidi. Mteja ukimgusa pabaya atakwambia, "Dada, taratibu!" Sungura hasemi kitu. Anarusha teke moja, na teke hilo linaweza kumvunja mgongo yeye mwenyewe.

Ndiyo maana mtu akiniuliza anunue mkasi gani, huwa namjibu kwanza kwa swali: utamshikaje? Kukata ni dakika chache tu. Ukishajua kumshika, hata kikata kucha cha kawaida kitakufaa. Usipojua, mkasi wa bei kubwa hautakusaidia.

Sungura wa porini huchimba na kukimbia kwenye udongo mgumu, kwa hiyo kucha zake zinalika zenyewe. Huyu wetu anakaa bandani. Ukucha unaota siku zote za maisha yake na hakuna kinachoupunguza. Ukiachwa unapinda, unanasa kwenye wavu, na sungura akishtuka akajivuta, unang'oka na mzizi wake. Hata usiponasa, kucha ndefu zinausukuma mguu urudi nyuma, uzito wote unaangukia kisiginoni, manyoya yananyonyoka pale na kidonda kinaanza. Vidonda vya visigino vikishaingia usaha, kuvitibu ni kazi ya miezi. Jike mwenye kucha ndefu naye anaweza kuwachana watoto wake akiruka kuingia kwenye kisanduku cha kuzalia.

Utajuaje zimezidi? Mwache asimame sehemu tambarare umtazame kwa pembeni. Kucha zikijificha ndani ya manyoya ya mguu au zikichungulia kidogo tu, mwache. Zikitokeza nje na kupinda, au ukisikia zinagonga mbao anapotembea, siku yake imefika. Kwa wengi ni kila baada ya wiki nne hadi nane. Mimi nawaangalia kila mwanzo wa mwezi, wa kukatwa anakatwa, asiyehitaji anaachwa.

Hesabu kabla hujaanza. Kila mguu wa mbele una kucha tano, kila mguu wa nyuma una nne, jumla 18. Ule wa tano wa mbele umekaa upande wa ndani, juu kidogo ya nyingine, umefunikwa na manyoya. Huo ndio watu wanaousahau. Na kwa kuwa haugusi chini kabisa, unarefuka hadi kujiviringa na kuingia kwenye nyama. Mimi naanza na huo kila mguu wa mbele, ili nisije nikaupita.

Vya kuandaa

Kikata kucha kikali. Kwa sungura mdogo, kile cha kubana tunachotumia sisi wenyewe kinatosha. Kwa mkubwa, kucha zake ni nene na kile cha watu huwa kinaupasua ukucha kwa urefu, hivyo tafuta mkasi wa kucha za mbwa au paka kwenye maduka ya dawa za mifugo. Plaizi ya fundi umeme usiilete karibu. Inaponda kabla ya kukata.

Andaa pia taulo au kitenge kizito, tochi ya simu, pamba, maji ya uvuguvugu kidogo kwenye kikombe, na kisosi chenye unga wa ngano. Unga uwepo mkononi kabla hujamtoa sungura bandani. Usije ukaanza kufungua makabati wakati damu inatoka.

Nawa mikono. Nasema hivi hasa kwa wenzangu wa saluni: mkono wenye harufu ya dawa ya nywele au ya kutolea rangi ya kucha unamtia sungura wasiwasi kabla hujamgusa.

Saa nzuri ni mchana, baada ya saa sita. Sungura huchangamka alfajiri na jioni, katikati ya siku anajilaza. Kwetu huku kuna sababu nyingine. Mwezi wa sita na wa saba asubuhi ya Mafinga ni ukungu na baridi ya kukausha vidole, na mkono uliokufa ganzi hauwezi kuhisi unabana kwa nguvu kiasi gani. Subiri jua litoke.

Kumshika

Hapa naomba usiruke mstari.

Kwanza, masikio si mpini. Najua sokoni ndivyo wanavyoshikwa, ananing'inizwa kwa masikio huku mnunuzi akimtazama tumbo. Masikio yale yamejaa mishipa ya damu na ndiyo anayotumia kupunguza joto la mwili. Kumning'iniza hivyo ni kumuumiza, na akitapatapa hewani mgongo ndio unaoumia. Ngozi ya shingoni nayo isibebe uzito wote peke yake.

Sababu ya tahadhari yote hii ni maumbile yake. Mifupa ya sungura ni myepesi mno, kama asilimia 8 tu ya uzito wake, lakini misuli ya mapaja ya nyuma ina nguvu kubwa. Akirusha miguu ya nyuma huku kiuno hakijaegemezwa mahali, nguvu ile inamrudia kwenye uti wa mgongo. Sungura wengi waliopooza miguu ya nyuma hawakupigwa na mtu. Waliachwa wakapiga teke hewani.

Kwa hiyo mkono mmoja unapita chini ya kifua, nyuma ya miguu ya mbele. Mwingine unakamata makalio na kuikusanya miguu ya nyuma chini ya mwili. Mnyanyue na papo hapo mlete ubavuni mwako aguse tumbo lako. Sungura aliyeegemea kitu hatapitapi sana. Kichwa chake kielekeze kwenye kwapa lako na ukifunike kwa kiwiko. Asipoona mwanga anatulia, wengine hadi unawasikia wakisaga meno polepole, ishara kwamba wameridhika.

Kaa chini. Usifanye kazi hii umesimama hata kama umezoea kusuka wima kutwa nzima. Kaa kwenye kigoda, tandaza kitenge mapajani, mweke hapo. Akikuponyoka, anaanguka sentimita chache tu, si kutoka kifuani pako hadi kwenye saruji.

Kama mko wawili, mmoja ashike, mwingine akate. Nyumbani mwangu mshikaji ni mpwa wangu wa darasa la sita, na tumekubaliana neno moja: akisema "mama mdogo, acha," naacha hapo hapo hata kama mkasi umeshafika kwenye ukucha. Anayemshika ndiye anayehisi misuli ikikaza, na misuli hukaza kabla ya teke.

Ukiwa peke yako, tumia taulo. Litandaze, mweke sungura katikati akiwa amejikunyata, kunja upande wa kushoto juu yake, kisha wa kulia, kisha wa nyuma, umbane kama mtoto mchanga aliyetoka kuogeshwa. Kichwa kibaki nje. Pua iwe wazi kabisa, kwa sababu sungura anategemea pua kupumua. Ukimwona ametanua mdomo kutafuta hewa, ujue hali ni mbaya. Toa mguu mmoja, kata, rudisha, toa mwingine.

Kuna mtindo wa kumlaza chali. Anaganda, macho wazi, hatikisiki, na watu wanacheka kwamba amelala usingizi. Hajalala. Huyo ni mnyama anayeliwa na kila kitu huko porini, na kuganda ni woga wa mwisho kabisa, anajifanya amekufa. Moyo wake hauko sawa wakati huo, na anaweza kuzinduka ghafla na kurusha teke kwa nguvu zake zote. Mimi sifanyi hivyo, na sikushauri.

Akikataa, mrudishe. Miguu ya mbele leo, ya nyuma kesho, hakuna anayekudai. Akianza kuhema kwa mdomo au akipiga ukelele (ndiyo, sungura hupiga ukelele, na ukishausikia hutausahau), mrudishe bandani, funika banda na nguo, mwache kwenye giza na utulivu.

Kukata kwenyewe

Ndani ya ukucha kuna nyama hai yenye mishipa ya damu na ya fahamu. Unachokata ni ile sehemu iliyopita mwisho wa nyama hiyo, ambayo haina damu wala maumivu. Kwa sungura weupe, hawa wa aina ya New Zealand tulio nao wengi, ukucha ni mweupe na nyama inaonekana kama mstari wa waridi. Acha milimita mbili au tatu mbele ya mstari huo, ukate hapo.

Lowesha ncha ya kidole chako kwenye maji, pakaza manyoya ya mguu na uyasukume nyuma. Ukucha utajitokeza wenyewe. Shika kidole kimoja tu cha mguu kati ya dole gumba lako na la shahada, kwa uthabiti bila kubana. Mguu wa nyuma usiuvute kuunyoosha. Ufuate jinsi ulivyojikunja, ukate huko huko ulipo. Ukiuvuta, naye anauvuta, na mashindano hayo anashinda yeye.

Weka mkasi mahali unapotaka kukata, kisha bana kidogo sana bila kukata. Akitulia, malizia kwa mkato mmoja wa haraka. Akishtuka au kuurudisha mguu, uko karibu na nyama. Sogea kuelekea nchani. Hii mimi naitumia kwa kila ukucha, hata wa sungura mweupe ambao naona kila kitu.

Wenye kucha nyeusi ndio wanaowakatisha watu tamaa. Nina dume mmoja wa kijivu, kucha zake nyeusi tititi. Kwa huyo mpwa wangu anaweka tochi ya simu chini ya ukucha, mwanga ukipita kwenda juu, na mimi nikiangalia kwa juu naona kivuli kinapoishia. Chumba kikiwa na giza kidogo unaona vizuri zaidi. Siku simu haina chaji, nakata ncha tu, pale ukucha unapokuwa mwembamba na kuanza kupinda, basi.

Kama kucha zimeachwa muda mrefu, nyama ya ndani nayo imerefuka pamoja nazo. Huwezi kuzifanya fupi kwa siku moja bila kumwaga damu. Kata ncha ndogo leo, rudia baada ya wiki moja au mbili, tena na tena. Kila ukikata karibu nayo, ile nyama inajirudisha nyuma polepole. Sungura aliyenunuliwa akiwa na kucha kama kulabu anarudi kwenye hali nzuri kwa namna hiyo, kwa uvumilivu.

Kiangazi kucha hukauka na kuwa ngumu. Kitambaa chenye maji ya uvuguvugu, ukikishikiza kwenye vidole kwa dakika moja, kinazilainisha. Usimchovye sungura kwenye maji, na usimwogeshe. Kwa baridi hii ya Mafinga ni kumtafutia kifo. Ukimaliza, ukiona kingo kali, pitisha tupa ndogo ya kucha mara mbili tatu.

Usikate kwa jike aliye karibu kuzaa. Mimba ya sungura ni kama siku 31; mkate kabla hujampeleka kwa dume, na baada ya hapo usimpakate bila sababu, hasa wiki ya mwisho. Watoto waanze kuzoeshwa kushikwa miguu mapema, wakiwa wameshatoka kwenye kisanduku na wanakula wenyewe. Washike kidole kimoja kimoja bila mkasi, halafu uwaachie. Wakiwa wakubwa watakushukuru kwa kutokukuchana.

Damu ikitoka

Itakutokea tu. Usipige kelele. Chovya ukucha kwenye unga wa ngano, gandamiza kwa pamba, shikilia dakika tatu hadi tano bila kuchungulia. Ukichungulia unaondoa ule utando uliokuwa unaziba. Damu ya ukuchani huonekana nyingi kwenye manyoya meupe, lakini sungura wa kilo tatu ana zaidi ya mililita 150 za damu mwilini, na matone machache hayamfanyi kitu. Ikikatika, mweke mahali pakavu na safi penye nyasi, si juu ya wavu, na umwangalie baada ya nusu saa. Isipokatika kabisa kwa robo saa hivi, mpigie daktari wa mifugo.

Ukucha uliong'oka mzima ni habari nyingine. Chemsha nusu lita ya maji, weka kijiko kimoja cha chai cha chumvi, yaache yapoe, osha kidonda, kisha mwite mtaalamu. Na hapa naomba unisikilize vizuri: usichukue kidonge cha amoksilini cha nyumbani ukammwagia kwenye chakula. Dawa hiyo na ndugu zake wote wa jamii ya penisilini, zikipita mdomoni mwa sungura, zinaua vijidudu wazuri wa tumboni mwake, wabaya wanashamiri, anaharisha na kufa. Unakuwa umemuua kwa kidonda cha ukucha. Zipo dawa zinazomfaa, daktari anazijua.

Ukiona maganda meupe au ya kijivu kuzunguka kucha, puani na kwenye kingo za masikio, hapo huna tatizo la kucha, una upele. Usikate, usibandue maganda. Mtenge na wenzake, vaa glavu kwa sababu upele huo unaweza kukuwasha na wewe, na utafute tiba ya sindano kwa daktari wa mifugo. Kuna wanaopaka oili chafu ya gari. Sungura anajilamba mwili mzima kila siku, kwa hiyo oili hiyo anaimeza.

Kati ya sungura mmoja na mwingine, futa mkasi kwa spiriti.

Sakafu

Baba watoto wangu ni seremala, na mabanda yetu ameyajenga kwa mabanzi. Mafinga mabanzi hayakosekani, viwanda vya mbao viko kila upande na misitu ya Sao Hill iko hapo nje tu. Amenipangia vipande vya mianzi iliyopasuliwa kwa sakafu, upande laini juu, nafasi za kupitisha kinyesi katikati. Ni bora kuliko wavu mtupu, ambao unakata visigino na kunasa kucha. Kama tayari una wavu, muwekee ubao wa kukalia unaoenea mwili wake mzima.

Mbele ya chombo cha chakula naweka tofali la kuchoma. Sungura anapanda miguu ya mbele juu yake ili afikie nyasi, anashuka, anapanda, na kila akifanya hivyo kucha za mbele zinasuguka kidogo. Wakati mwingine nawapa debe lililokatwa kingo zikakunjwa, lenye udongo mkavu, wachimbe wanavyotaka. Uani panachafuka, sikatai. Lakini vyote hivi vinapunguza kasi tu. Za nyuma hazisuguki vya kutosha, na ule wa tano wa mbele hausuguki kabisa, kwa hiyo mkasi unabaki pale pale.

Ukishamaliza, mpe kitu anachokipenda kabla hujamrudisha, ili akumbuke utamu kuliko mkasi. Kipande cha ndizi mbivu chenye unene wa kidole kinatosha, sukari nyingi inamharibu tumbo. Majani ya viazi vitamu ni mazuri. Ya viazi mviringo usimpe, yana sumu, na huku kwetu yamejaa mashambani mtoto anaweza kuyachuma bila kujua. Parachichi pia hapana, tunda wala majani. Siku hizi kila mwenye kiwanja kuanzia Njombe hadi Rungwe amepanda parachichi, na matawi yanayopunguliwa yanatupwa ovyo karibu na mabanda. Kwa sungura ile ni sumu ya moyo.

Wasichana wa saluni wananiuliza kila mara kama naweza kuwapaka sungura rangi ya kucha, nyekundu, wapige picha. Hapana, wanajilamba. Waje wapakwe wao, nafungua saa mbili.